Gumbo: Mpiga Piano na Isnadi ya Mji Wake

Albamu ya Dr. John's Gumbo ilitoka Aprili 1972 chini ya nembo ya Atco, tawi la kampuni ya Atlantic ya Marekani. Ina nyimbo 12. Mwenye albamu ni Malcolm John Rebennack, ambaye wenzake walimwita Mac na wasikilizaji walimjua kwa jina la jukwaani la Dr. John, mpiga piano wa bluzi aliyezaliwa New Orleans, jimbo la Louisiana, tarehe 20 Novemba 1941. Nyimbo zenyewe karibu zote hakuzitunga yeye. Zilikuwa zimeshapigwa mjini kwao kwa miaka mingi, vilabuni, katika maandamano ya mitaani na katika studio moja ndogo iliyokuwa nyuma ya duka. Waliozipiga walikuwa walimu wake, wazee aliowachungulia akiwa mtoto na vijana aliofanya nao kazi.

Kurekodi nyimbo za wengine ni jambo la kila siku kwa mwanamuziki. Rebennack aliongeza kitu ambacho wengi hawajishughulishi nacho. Kwenye jalada aliandika maelezo ya wimbo mmoja mmoja: nani aliupiga kwanza, ulimfikiaje, na nani mwingine aliupitia njiani. Wanazuoni wa pwani wana neno la kazi ya namna hiyo, isnadi, mnyororo wa wapokezi ambao bila huo habari haina uzito hata ikiwa tamu kiasi gani. Albamu hii ni isnadi iliyopigwa kwa piano, na thamani yake kubwa iko hapo.

Jina lake latoka jikoni. Gumbo ni mchuzi mzito wa Louisiana unaoliwa na wali. Mpishi hukaanga unga wa ngano katika mafuta mpaka uwe wa rangi ya kahawia, halafu hutia vitunguu, pilipili hoho, kuku, soseji, kamba au kaa, kadiri ya mfuko na msimu. Neno lenyewe ni la bamia. Katika lugha za Kibantu za Angola bamia huitwa kwa jina linalokaribiana na “ngombo”, na waliotekwa huko wakauzwa utumwani walivuka nalo Atlantiki. Wapishi wengine huuongezea mchuzi uzito kwa unga wa majani makavu ya mti wa sasafrasi, maarifa yaliyotoka kwa Wachoctaw, wenyeji wa asili wa nchi hiyo. Chungu kimoja, basi, kina unga wa Mfaransa, bamia ya Mwafrika na jani la Mchoctaw, na anayekula bado huweza kukitambua kila kimoja ulimini. Muziki wa New Orleans ulipikwa vivyo hivyo.

Wafaransa waliuanzisha mji huo mwaka 1718. Baadaye ulikuwa mikononi mwa Hispania kwa miongo kadhaa, na mwaka 1803 ukawa wa Marekani. Chini ya watawala wote hao watumwa waliweza kukusanyika siku ya Jumapili, na mwaka 1817 sheria ya mji iliwataka wafanye hivyo mahali pamoja. Mahali hapo pakaja kujulikana kama Congo Square, uwanja uliokuwa pembezoni mwa mji. Hapo ngoma ziliendelea kulia wakati ambapo sehemu nyingi za Marekani mtumwa aliyeonekana na ngoma alitiliwa shaka ya kuandaa uasi. Mnamo 1809 na 1810 waliingia wakimbizi zaidi ya 9,000 kutoka Kuba, watu waliokuwa wamekimbia vita vya Haiti, na idadi ya wakazi wa mji ikakaribia kuwa maradufu. Wakaja na dini zao, mapishi yao na mapigo yao. Karne nzima iliyofuata meli hazikuacha kwenda na kurudi kati ya bandari hiyo na Havana.

Pigo moja lililopita njia hiyo linastahili kushikwa mkononi. Hesabu nane kwa mwendo sawa, kisha piga kofi kwenye moja, kwenye nne na kwenye saba. Yanapatikana makofi matatu yasiyolingana: mawili marefu na moja fupi, na lile fupi linausukuma mwili urudie tangu mwanzo. Pigo hilo limo katika muziki wa Kuba, limo katika bendi za matarumbeta za New Orleans, na limo katika mkono wa kushoto wa karibu kila mpiga piano wa mji huo. Msikilizaji aliyekulia na rumba ya Kongo au muziki wa dansi wa Dar es Salaam hahitaji kufundishwa, kwa kuwa santuri za Kikuba zilizouzwa Afrika tangu miaka ya 1930 ziliwafundisha wapiga gitaa wa mto Kongo mapigo ya ukoo huohuo. Ndugu hao wawili, wa New Orleans na wa Kongo, walilelewa mbalimbali bila kujuana.

Ngoma za mji zilipata makao mengine katika maandamano. Vyama vya kuzikana na kusaidiana vya watu weusi vilikodi bendi za matarumbeta kwa mazishi ya wanachama. Kwenda makaburini bendi hupiga tenzi za kanisani polepole. Maiti akishaachwa, mpiga ngoma ndogo hubadili mwendo, na watu hurudi wakicheza, wenye miavuli wakiinua miavuli, wenye leso wakipepea leso. Wanaoifuata bendi bila kualikwa huitwa safu ya pili, na mapigo yanayowachezesha yakachukua jina hilo. Nyimbo nyingi za Gumbo zimejengwa juu ya mwendo wa safu ya pili, hata zile ambazo mtu angezidhania bluzi za kawaida.

Piano iliingia katika hadithi hii kupitia vilabu vya usiku na nyumba za starehe. Kati ya 1897 na 1917 mji ulitenga mtaa wa Storyville kwa biashara ya ukahaba, na nyumba zenye uwezo ziliweka piano sebuleni na mtu wa kuipiga, aliyeitwa “profesa”. Ilimpasa mtu mmoja afanye kazi ya bendi nzima. Mkono wa kushoto ulikuwa ngoma na besi, wa kulia ulikuwa tarumbeta na mwimbaji. Jelly Roll Morton alitoka katika shule hiyo. Mwaka 1938, alipohojiwa na Alan Lomax kwa ajili ya Maktaba ya Bunge la Marekani, alieleza kwamba jazi isiyotiwa ladha ya Kihispania haiwezi kukolea viungo inavyotakiwa. Alikuwa akilizungumzia pigo lile la Havana, na akalieleza kama mpishi.

Maprofesa hao hawakuwa na chuo. Tuts Washington alipokea kwa wakubwa wake akawapokeza wadogo. Mtu aliyejulikana kwa jina la utani la Drive 'Em Down alimfundisha Champion Jack Dupree, yatima aliyekuja kuwa bondia na baadaye mpiga piano. Na kati ya wanafunzi wa Washington alikuwamo Henry Roeland Byrd, aliyezaliwa Bogalusa, Louisiana, tarehe 19 Desemba 1918, akalelewa New Orleans akichezea watu mitaani ili apate senti. Dunia ilimjua kama Professor Longhair. Bila yeye Gumbo isingekuwapo.

Upigaji wake unahitaji kutazamwa kwa karibu. Byrd alijifunzia kwenye piano mbovu zilizotupwa, zenye vibao vilivyokosekana, na labda ndiyo sababu vidole vyake havikupenda kutembea njia iliyonyooka. Mkono wa kushoto unashika rumba: noti chache za besi, zikiangukia mahali pale pa kofi la kwanza, la nne na la saba, bila haraka na bila kutetereka. Juu yake mkono wa kulia unamimina noti tatutatu, nyingine zikiteleza kutoka kibao kimoja hadi cha jirani kama mtu anayekosea makusudi kisha anajirekebisha. Mikono miwili inaonekana kugombana, na ugomvi huo ndio utamu wenyewe. Mguu nao haukukaa kitako, kwani Byrd alikuwa akiupiga ubao wa mbele wa piano kwa kiatu, pigo kwa pigo, hata mwenye klabu akahesabu hasara. Sauti yake ilipasuka katikati ya neno ikapanda juu ghafla kama ya kijana anayebalehe. Yote hayo yamo katika Tipitina, wimbo aliourekodia Atlantic mwaka 1953. Mwaka 2011 Maktaba ya Bunge iliuingiza katika orodha ya sauti za taifa zinazostahili kuhifadhiwa daima.

Mac Rebennack aliukuta muziki huu nyumbani. Baba yake alikuwa na duka la vyombo vya umeme lililouza pia santuri, na alitengeneza redio na vipaza sauti vya vilabu. Mtoto alimfuata kazini. Baba alipokuwa chini ya meza na waya zake, mwana alisikiliza mazoezi. Alipofika umri wa miaka 13 hivi alikutana na Longhair mwenyewe. Chombo chake cha kwanza cha kazi, hata hivyo, kilikuwa gitaa. Alifundishwa na Walter “Papoose” Nelson, mpiga gitaa wa mwimbaji na mpiga piano Fats Domino, na akiwa bado kijana wa shule alikuwa akiitwa studio kupigia wengine. Walezi wa shule yake walipomtaka achague kati ya masomo na muziki, alichagua muziki.

Alikuwa kijana mweupe katika mji ambao sheria ilitenganisha weupe na weusi hata katika vyama vya wanamuziki, kila rangi na chama chake. Studio ya Cosimo Matassa ilikuwa mojawapo ya mahali pachache ambapo mpaka huo ulilegea. Ilianza mwaka 1945 katika chumba cha nyuma cha duka lake la J&M, kwenye kona ya mitaa ya Rampart na Dumaine. Humo Fats Domino alirekodi The Fat Man tarehe 10 Desemba 1949, na humo Little Richard alirekodi Tutti Frutti mwaka 1955. Tena ni jambo la haki kusema kwamba wale weusi waliomfundisha Rebennack hawakuwa na mlango wa kuingilia kwenye vilabu vingi vya weupe isipokuwa ule wa jikoni. Neema ya kujifunza ilimfikia yeye kwa urahisi kuliko malipo yalivyowafikia walimu wake.

Mwanzoni mwa miaka ya 1960, katika ugomvi uliotokea Jacksonville, Florida, Rebennack alijaribu kumtetea mwimbaji wa bendi yake na risasi ikamharibia kidole cha mkono wa kushoto. Gitaa likawa gumu kwake. James Booker, fundi wa vinanda ambaye wengi mjini humo wanamhesabu kuwa ndiye aliyekuwa na mikono yenye akili kuliko yote, alimfundisha ogani, na kutoka hapo akahamia kabisa kwenye piano. Yakafuata madawa ya kulevya, kifungo katika gereza la serikali kuu huko Fort Worth, Texas, na mwaka 1965 uhamisho wa kwenda Los Angeles. Hakuwa peke yake. Mwendesha mashtaka wa New Orleans alikuwa ameendesha msako mkali dhidi ya vilabu vya usiku, kazi zikapungua, na wapigaji kadhaa wa mji wakahamia California.

Aliyewatangulia huko na kuwapokea alikuwa Harold Battiste, mpiga saksofoni na mwalimu, aliyeanzisha mwaka 1961 kampuni ya AFO, iliyomilikiwa na wanamuziki weusi wenyewe ili jasho lao lisiwanufaishe wengine. Battiste alipanga muziki wa waimbaji wawili Sonny na Cher, na katika saa za studio zilizobaki kwenye kazi yao alimrekodia Rebennack albamu ya Gris-Gris, yaani hirizi, iliyotoka 1968. Hapo ndipo alipozaliwa Dr. John. Jina lilikuwa la mganga maarufu wa New Orleans wa karne ya 19, aliyesemekana kuwa mzaliwa wa Senegal, na Rebennack alilivaa pamoja na manyoya, mifupa na vumbi la kumetameta. Vijana wa zama zile walivutiwa. Zilifuata albamu tatu za mtindo huo, kila moja ikiwa na kiza kuliko iliyotangulia, hata sura ya mganga ikaanza kummeza mpiga piano.

Gumbo ilimtoa humo. Jerry Wexler wa Atlantic, aliyekuwa amewatayarishia kazi Ray Charles na Aretha Franklin, aliitayarisha pamoja na Battiste. Kampuni hiyo ndiyo iliyokuwa imemrekodi Longhair tangu 1949, kwa hiyo Wexler alijua vizuri kijana huyu ameshika tawi la mti gani. Manyoya yakawekwa kando. Kikaletwa kikosi cha watu wa nyumbani waliokuwa wakiishi ugenini. Lee Allen alileta saksofoni iliyosikika kwenye rekodi za Fats Domino na Little Richard. Melvin Lastie, mmoja wa waasisi wa AFO, alipuliza koneti, na kabla ya mwaka huo kwisha akafariki dunia. Alvin “Shine” Robinson alikuwa kwenye gitaa, Ronnie Barron kwenye ogani, Freddie Staehle kwenye ngoma, Jessie Hill kwenye vyombo vidogo vya kugonga. Kati ya waitikiaji walikuwamo Tami Lynn na Shirley Goodman. Albamu ya kuusifu mji ikarekodiwa Los Angeles, zaidi ya kilomita 2,500 kutoka kwenye mji wenyewe, na watu waliokuwa na hamu ya kwao. Hamu hiyo inasikika. Bendi inapiga kama familia iliyokutana baada ya miaka mingi, kila mmoja akimwachia mwenzake nafasi ya kusema.

Wimbo wa kwanza ni Iko Iko, na kuuelewa kunahitaji kuwajua Wahindi Wekundu wa Mardi Gras. Hawa ni Waamerika weusi wa mitaa ya New Orleans ambao, tangu karne ya 19, hujitokeza siku ya Mardi Gras, sikukuu ya mkesha wa Kwaresima, na usiku wa Mtakatifu Yosefu wakiwa wamevaa mavazi ya manyoya na shanga yanayowakumbuka wenyeji wa asili waliowahifadhi watumwa waliotoroka. Vazi moja hushonwa kwa mkono mwaka mzima, shanga baada ya shanga, na mwaka unaofuata hushonwa jipya. Kila kundi lina mpangilio wa vita. Mbele kabisa hutembea mpelelezi, mitaa kadhaa kabla ya wenzake, akitazama kama kundi jingine linakuja. Nyuma yake yuko mshika bendera, anayepokea ishara ya mpelelezi na kuipitisha, na ishara hupita mtu kwa mtu mpaka imfikie chifu mkuu. Makundi mawili yakikutana, machifu hushindana kwa nyimbo, kwa majigambo na kwa uzuri wa vazi. Zamani walishindana pia kwa visu.

James Crawford, aliyeitwa Sugar Boy, alizichukua kelele mbili za Wahindi hao na kisa cha kukutana kwao, akazirekodi mwishoni mwa 1953 kwa kampuni ya Checker ya Chicago. Kichwa cha wimbo kiliandikwa Jock-A-Mo, jinsi watu wa kampuni walivyosikia neno wasilolijua. Miaka kumi na zaidi baadaye wasichana watatu wa New Orleans, Dixie Cups, waliuimba kama Iko Iko wakiambatana na mapigo ya vitu vilivyokuwapo karibu nao studioni, ukavuma mwaka 1965. Crawford alikuwa ameshaacha muziki kufuatia kipigo cha polisi kilichomjeruhi kichwa mwaka 1963, na katika mapato ya Iko Iko aliishia kupata sehemu tu. Rebennack anauimba kwa mwendo wa safu ya pili, taratibu kuliko Dixie Cups, na waitikiaji wakimjibu kama umati wa barabarani. Jina la Crawford limeandikwa kwenye maelezo yake. Wasikilizaji wengi wa nje ya Louisiana walilisoma hapo kwa mara ya kwanza.

Junko Partner na Tipitina zinakaa mbalimbali kwenye santuri, ila ni ndugu wa tumbo moja, na hapa isnadi inaonekana wazi kuliko popote. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 Champion Jack Dupree alirekodi Junker Blues, wimbo wa mtumiaji wa madawa aliopokea kwa mwalimu wake Drive 'Em Down. Umbo lake ni la vipimo 8, pungufu ya vipimo 12 ambavyo bluzi nyingi hufuata, kwa hiyo unazunguka haraka na kumrudisha mwimbaji mwanzoni kabla hajachoka. Fats Domino akauchukua muziki huo, akayaondoa madawa, akaweka unene wake mwenyewe: ndiyo The Fat Man. Lloyd Price akapita karibu nao mwaka 1952 katika Lawdy Miss Clawdy, Domino akiwa kwenye piano. Longhair akautia rumba, na maneno yenye maana na yasiyo na maana, ukawa Tipitina. Upande mwingine James Wayne alirekodi Junco Partner mwaka 1951, na wafungwa wa gereza la Angola huko Louisiana wakaufanya kama wimbo wao wa taifa. Rebennack, aliyeyajua madawa na kufuli kwa mwili wake, alipokea kutoka matawi yote mawili. Anapoimba Junko Partner hakuna maigizo. Mwendo ni wa kilevi, mzito mguuni, na maneno yanatoka puani kama ya mtu aliyeegemea ukuta.

Stack-A-Lee ni kisa cha kweli cha St. Louis. Usiku wa Krismasi wa 1895 Lee Shelton alimpiga risasi Billy Lyons baada ya kugombania kofia, na wimbo wa kisa hicho ukaenea Marekani nzima. Mtu angetegemea Rebennack afuate rekodi ya Lloyd Price iliyoshika nafasi ya kwanza nchini mwanzoni mwa 1959. Yeye alikwenda kwa Archibald, mpiga piano wa New Orleans ambaye mwaka 1950 aliurekodi ukajaza pande mbili za santuri. Nje ya mji Archibald alikuwa karibu amesahauliwa. Chaguo hilo linaeleza nia ya albamu nzima.

Kwa Huey Smith, aliyempa kazi za studio ujanani, Rebennack alitenga nyimbo tatu zilizounganishwa kuwa moja. Mbili kati yake, High Blood Pressure na Don't You Just Know It, zilikuwa pande mbili za santuri moja ya 1958. Nyimbo za Smith zinaonekana za utani, zimejaa milio ya watoto na viitikio visivyo na maana, lakini chini yake kuna piano iliyopangwa kwa ustadi ambayo imewashinda waigaji wengi. Mtunzi Earl King naye amepewa tatu: Those Lonely Lonely Nights, bluzi ya taratibu ya 1955, Let the Good Times Roll, aliyoitoa 1960 kwa jina la Come On, na Big Chief, aliyomtungia Longhair. Katika rekodi ya 1964 ya Big Chief anayeimba na kupiga mluzi ni King mwenyewe, jambo ambalo wapenzi wa Longhair bado hulishangaa. Inafaa kukumbuka kwamba Shirley Goodman, anayeitikia kwenye Gumbo, alikuwa ameimba, katika kundi la watu wawili la Shirley na Lee, wimbo mwingine kabisa wenye jina hilohilo la Let the Good Times Roll mwaka 1956.

Si kila pete ya mnyororo imekaza. Mess Around imeandikwa kuwa mali ya Ahmet Ertegun, mwasisi wa Atlantic, aliyeitunga kwa ajili ya Ray Charles mwaka 1953, na ni kweli kwamba aliileta yeye studioni. Lakini mkono wa kushoto wa wimbo huo ni wa wapiga piano wa vilabu wa miaka ya 1920, akiwamo Cow Cow Davenport, nao hawamo kwenye karatasi ya malipo. Somebody Changed the Lock, wimbo ulioandikwa kwa jina la Rebennack, ni bluzi nzuri isiyozidi hapo. Na Tipitina yake, pamoja na heshima yote, ni safi mno. Mikono ya Longhair ilionekana kila mara kukaribia kuanguka isianguke; mwanafunzi ameinakili nyumba yote akasahau kuacha dirisha wazi. Anamkaribia mwalimu zaidi pale asipomwiga, katika Iko Iko na Junko Partner, ambapo rumba imeshaingia damuni na haihitaji kuonyeshwa.

Albamu haikuuza sana. Iko Iko ilifika nafasi ya 71 katika chati ya Billboard. Mwaka uliofuata, chini ya mtayarishaji Allen Toussaint na bendi ya Meters, wote wa New Orleans, Rebennack alitoa Right Place, Wrong Time iliyofika nafasi ya 9, naye hakupata tena wimbo wa kupanda hivyo. Faida ya Gumbo ilikuwa ya namna nyingine. Longhair, ambaye katika miaka ya 1960 aliishi kwa kufagia duka la santuri mtaa wa Rampart na kucheza karata, alikuwa ametafutwa na vijana na kupandishwa jukwaani kwenye tamasha la muziki na urithi la New Orleans mwaka 1971. Gumbo ikamtaja mbele ya dunia mwaka uliofuata, na mwaka huohuo Atlantic ikazikusanya rekodi zake za 1949 na 1953 katika santuri moja. Mwaka 1977 mashabiki walifungua klabu mjini humo ili apate mahali pa kupigia uzeeni. Wakaipa jina la Tipitina's.

Miaka 20 baada ya Gumbo, Rebennack alirudia kazi hiyo kwa upana zaidi katika Goin' Back to New Orleans, albamu ya nyimbo 18 iliyotoka 1992 na kupata tuzo ya Grammy ya bluzi za asili mwaka uliofuata. Gumbo ilijihusisha hasa na nyimbo alizozisikia utotoni. Hii ya pili ilianzia kwa Louis Moreau Gottschalk, mpiga piano aliyezaliwa New Orleans mwaka 1829 na kuandika muziki uliobeba mapigo ya watumwa wa mji huo, ikapita kwa Jelly Roll Morton na Wahindi Wekundu, ikafika kwa Fats Domino. Kualikwa kwa Danny Barker, Al Hirt, Pete Fountain na ndugu wa ukoo wa Neville kuliifanya iwe karibu na hifadhi ya nyaraka. Kwa ukamilifu inaishinda Gumbo. Kwa joto haiifikii.

Kati ya albamu hizo mbili kuna kazi nyingine isiyobeba jina la Rebennack mbele. Mwaka 1979 Longhair alirekodi Crawfish Fiesta kwa kampuni ya Alligator, na mwanafunzi wake wa zamani alikuja studio kumsaidia. Piano ilikuwa ya mwalimu. Rebennack alichukua gitaa, chombo kilichokuwa kigumu kwake tangu siku ya risasi, akakaa nyuma akisindikiza. Longhair alifariki usingizini nyumbani kwake tarehe 30 Januari 1980, wakati santuri hizo zikianza kufika madukani.